Sindano ya jicho kwa mgonjwa wa kisukari: majibu kwa msomaji wa Kisauni

SWALI: Daktari, assalamu alaikum. Mamangu ana umri wa miaka 61, tunaishi Kisauni, na amekuwa na kisukari kwa miaka mingi. Alipopimwa macho aliambiwa kwamba maji yamevuja nyuma ya jicho la kulia na kwamba anahitaji sindano tatu ndani ya jicho, moja kila mwezi. Ameingiwa na hofu kubwa. Jirani amemwambia kuwa dawa yenyewe ni ya saratani, na kuwa kuna watu waliopofuka kwayo. Je, sindano hii ni salama? Inauma? Zikiisha hizo tatu atakuwa amepona? Na je, anaweza kusafiri kwenda Lamu kwa Maulidi siku chache baada ya sindano ya kwanza?

JIBU: Waalaikumu salaam, dada. Nitaanza na swali la kupona, kwa kuwa ndilo linaloamua hatima ya jicho kuliko hayo mengine. Sindano tatu hazitamponya, na ni bora mama alijue hilo kabla ya sindano ya kwanza kuliko kuja kulisikia baada ya ya tatu, akadhani amedanganywa.

Sukari inapokaa juu kwa miaka, huharibu kuta za mishipa midogo ya damu iliyo katika retina, yaani utando wa nyuma ya jicho unaopokea mwanga na kuupeleka ubongoni ukiwa picha. Sehemu za retina zinazokosa damu ya kutosha hutoa kwa wingi protini iitwayo VEGF, nayo huifanya mishipa iliyopo ivuje na mingine mipya, dhaifu, ichipuke. Maji yanayovuja yakikusanyika kwenye kitovu cha retina, mgonjwa hushindwa kusoma, kutunga uzi na hata kuitambua sura ya mtu aliyesimama mbele yake. Dawa ya sindano huikamata protini hiyo, mishipa ikaacha kuvuja na maji yakapungua. Lakini dawa hupungua nguvu jichoni baada ya wiki kadhaa, ilhali ugonjwa uliosababisha yote haya ungalipo mwilini, na ndiyo maana sindano hurudiwa. Katika utafiti mkubwa uliofanywa Marekani na kuchapishwa mwaka 2015, ambao ulilinganisha dawa tatu za aina hii kwa wagonjwa wenye tatizo kama la mamako, wagonjwa kwa kawaida walihitaji sindano 9 au 10 katika mwaka wa kwanza, na 5 au 6 katika mwaka wa pili. Hesabu hushuka kadiri jicho linavyotulia. Zile tatu alizoambiwa ni za kuanzia tu, na baada yake daktari ataitazama picha ya retina, ile ya OCT, ili aamue kama nafasi kati ya sindano na sindano inaweza kurefushwa.

Nalisisitiza hili kwa sababu wagonjwa wanaonisikitisha zaidi ni wale waliopata nafuu kwa sindano mbili, wakaona inatosha, kisha wakarudi baada ya miezi mingi retina ikiwa imekwisha kuingia kovu. Kovu halina sindano. Basi kabla ya kuanza, kaeni kama jamaa mpange nauli, mtu wa kumsindikiza na gharama za mwaka mzima. Ulizeni pia mapema, iwe ni SHA au bima nyingine yoyote, ni kiasi gani kitalipwa na ni idhini gani inatakiwa, maana kuchelewa kwa idhini ni kuchelewa kwa sindano.

Sasa hilo la saratani. Jirani hakusema uongo, ila hakumaliza maelezo. Dawa ya bevacizumab, ambayo wengi huijua kwa jina la Avastin, iliidhinishwa Marekani mwaka 2004 kwa ajili ya saratani ya utumbo mpana, kwa sababu uvimbe wa saratani nao hutumia VEGF kujitengenezea mishipa ya damu. Madaktari wa macho waliona kwamba kazi hiyohiyo inahitajika ndani ya jicho, na tangu mwaka 2013 Shirika la Afya Duniani limeiweka dawa hii katika orodha yake ya dawa muhimu kwa matumizi ya macho. Tofauti iko katika kipimo. Mgonjwa wa saratani mwenye uzito wa kilo 60 hutiwa mshipani miligramu 300 au zaidi kwa mara moja, ilhali jichoni huingizwa miligramu 1.25, katika maji yasiyozidi tone moja. Kipimo hicho hakimpukutishi mtu nywele wala hakimtapishi. Zipo dawa nyingine zilizotengenezwa mahsusi kwa jicho, kama Lucentis na Eylea, ambazo bei yake ni kubwa zaidi. Utafiti nilioutaja ulionyesha kwamba mgonjwa ambaye uoni wake haujashuka sana hunufaika karibu sawasawa kwa dawa zote tatu, ila aliyeshuka sana alipata nafuu kubwa zaidi kwa Eylea katika mwaka wa kwanza. Muulizeni daktari kama uoni wa mama umeshuka sana au la, na msione haya kumweleza uwezo wenu wa fedha.

Kuhusu waliopofuka, sitaki kulipuuza jambo hilo. Chupa ya bevacizumab ni kubwa mno kwa jicho moja, kwa hiyo hugawanywa katika bomba nyingi ndogo za sindano, na kazi hiyo isipofanywa mahali safi kabisa, vijidudu huingia na kudhuru wagonjwa wengi kwa pamoja. Mwaka 2023 katika jimbo la Punjab nchini Pakistan, watu walipoteza uwezo wa kuona kwa sababu ya dawa iliyogawanywa nje ya utaratibu. Kwa hiyo mna haki ya kuuliza dawa imegawanywa wapi, lini, na imehifadhiwaje. Inatakiwa kukaa kwenye baridi ya nyuzi 2 hadi 8, bila kugandishwa. Mkiambiwa mkainunue wenyewe, nunueni kwa mfamasia aliyesajiliwa, ombeni risiti, na ibebwe katika kisanduku cha baridi chenye kipakiti cha barafu kisichogusana na dawa. Dawa iliyoachwa kwenye dirisha la matatu katika joto la Mombasa, mimi singeichoma.

Kazi ikifanywa sawasawa, maambukizi ndani ya jicho hutokea takribani mara moja katika sindano elfu mbili au tatu. Ni nadra, lakini yakitokea ni dharura ya siku hiyohiyo.

Maumivu ni madogo kuliko hofu yake. Mama atalala chali, atatiwa matone ya ganzi mara kadhaa, kisha jicho na kope zitasafishwa kwa dawa ya iodini, ambayo ndiyo kinga kubwa kuliko zote dhidi ya vijidudu. Kifaa kidogo kitazishika kope ili asipepese, naye ataambiwa atazame upande fulani na asizungumze. Sindano yenyewe, yenye unene wa karibu theluthi moja ya milimita, hupita katika weupe wa jicho, milimita 3.5 hadi 4 kutoka ukingo wa duara jeusi, na dawa huingia kwa sekunde chache. Wengi husema walihisi kama kusukumwa tu. Kinachowasumbua jioni, jicho likiwasha kama lina mchanga, mara nyingi ni iodini wala si tundu la sindano, na matone ya machozi ya bandia yanayouzwa dukani hutuliza. Wagonjwa wa pwani hunieleza mara kwa mara kuwa hawawezi kuguswa na iodini kwa sababu kamba au kaa huwadhuru. Mzio wa vyakula vya baharini hauhusiani na iodini, na haufai kuwa sababu ya kuiruka.

Siku ya sindano asipake wanja wala poda usoni, na ale na kumeza dawa zake kama kawaida isipokuwa ameelekezwa vingine. Amweleze daktari iwapo jicho linatoa tongotongo, au kama amepata kiharusi au mshtuko wa moyo katika miezi ya karibuni, kwa kuwa hapo huenda sindano ikaahirishwa. Akirudi nyumbani asilisugue jicho, na kwa siku chache asiogelee wala kujimwagia maji usoni. Wakati wa udhu apanguse uso taratibu kwa mkono wenye maji huku jicho limefumbwa, na akiwa na shaka ya kisheria amwulize shehe wake.

Doa jekundu kwenye weupe wa jicho litatisha jamaa nyumbani, lakini ni damu kidogo chini ya ngozi laini ya jicho na huondoka yenyewe ndani ya wiki mbili hivi. Vidoti vinavyoelea siku ya kwanza au ya pili ni vipovu vya hewa. Kinachotakiwa kuwaamsha hata usiku, hata iwe sikukuu ya Idi, ni maumivu yanayozidi badala ya kupungua, uoni unaoshuka, wekundu unaoenea, mwanga kuuma jicho, miale kama radi, au giza linaloshuka kama pazia. Msitie matone ya duka la dawa mkingoje kesho, kwa sababu jicho lililoambukizwa linahitaji dawa ya kuua vijidudu ichomwe ndani yake haraka. Kabla ya kutoka kliniki, chukueni nambari ya simu inayopokelewa baada ya saa za kazi.

Jicho la kushoto nalo lipigwe picha hata kama haliumi, na sukari, presha na figo vifuatiliwe pamoja na macho, maana sindano haiwezi kushindana na sukari isiyodhibitiwa.

Ama safari ya Lamu, dawa hii haimzuii kupanda basi, mashua wala ndege. Tatizo ni kwamba maambukizi, yakitokea, hujitokeza zaidi ndani ya wiki ya kwanza, na katika siku hizo ningependa mama awe mahali ambapo anaweza kumfikia daktari wa macho ndani ya saa chache. Kama tarehe ya Maulidi iko karibu mno, zungumzeni na daktari sasa hivi: ama achomwe mapema ili wiki ipite kabla ya safari, ama achomwe mara tu akirudi, mradi kucheleweshwa huko kuwe kwa siku na si kwa miezi.