Sina risiti ya rushwa: kesi itasimama?

SWALI: Assalaam alaykum wakili. Mimi niko Wete, Pemba. Nina faili la kiwanja katika ofisi moja ya serikali. Afisa anayelishughulikia alinitoa nje akanambia nimpe laki tatu ndipo karatasi ziende juu. Nimeshamrushia laki moja kwa simu, lakini jina lililotokea si lake. Ninazo sauti mbili alizonitumia kwa WhatsApp. Jamaa wananambia bila ya risiti wala shahidi hakuna kesi, na kwamba mimi ndiye nitakayefungwa. Ni kweli?

JIBU: Waalaykum salaam. Hilo la risiti lisikusumbue. Angekuwa anatoa risiti asingekutoa nje. Wala hakuna idadi maalumu ya mashahidi ambayo ni lazima ifikiwe. Shahidi mmoja anatosha, mahkama ikimuamini. Kwako wewe hapo ndipo penye kazi, na nitaeleza kwa nini.

Upande wa mashtaka una mambo matatu ya kuthibitisha, yote bila ya kuacha shaka ya maana. Kwamba huyu ni mtumishi wa umma: hilo ni jepesi, barua ya ajira inalimaliza. Kwamba aliomba, alipokea au alikubali kupokea. Na kwamba alichokiomba kilikuwa ni kwa ajili ya kazi yake. Kesi nyingi naziona zinavunjika kwenye hilo la tatu, ilhali watu wote wamekazana na fedha.

Fedha peke yake haisemi kitu. Tuchukulie umesimama kizimbani na wakili wake anakuhoji: "Shahidi, mnafahamiana tangu lini? Hamjawahi kukopeshana? Hii laki moja si deni?" Ukianza kubabaika tu, shaka imeshaingia, na shaka ikiingia ni ya mshtakiwa. Kwa hiyo kinachobeba kesi ni lile ombi. Kuomba kwenyewe ni kosa, hata kama hujatoa shilingi.

Ndiyo maana hizo sauti mbili nazithamini kuliko muamala. Anataja faili? Anataja saini, au mkubwa wake? Maafisa hawa si wajinga, hawatamki "rushwa". Husema karatasi hazina miguu, au vijana wanataka soda. Hakimu naye anaishi hapahapa, anaelewa. Lakini ataelewa vizuri zaidi akiwekewa na faili mezani: lilipokelewa lini, lilikaa kwa nani, na lilitembea lini baada ya ile laki kuingia. Tarehe za faili zikikaa sambamba na tarehe ya muamala, hadithi ya deni inakuwa ngumu kuisimamia.

Sasa simu yako. Usifute kitu, usizipunguze sauti wala kuzisambaza kwenye makundi, na simu yenyewe usiiuze. Sauti itakapotolewa mahkamani itaulizwa ilitoka kwenye simu ipi, nani aliichukua, nani aliihifadhi, na kama imeguswa. Kipande kilichopitia simu za watu watano kinaanza safari kikiwa kimechoka. Muamala nao usitegemee picha ya skrini tu. Wachunguzi wataomba kumbukumbu kwa kampuni ya simu, na wataonesha mwenye namba ile ana uhusiano gani na afisa. Asipounganishwa naye, laki moja yako ni ya mtu baki.

Laki mbili zilizobaki usimpe kimyakimya. Nenda kwa Mamlaka ya Kuzuia Rushwa na Uhujumu Uchumi Zanzibar, ZAECA, iliyoanzishwa kwa Sheria Namba 1 ya 2012. Pemba wapo vilevile. (Watu wengi huku wanataja TAKUKURU. Hiyo ni ya Bara.) ZAECA wakiona inafaa wataweka mtego: noti huandikwa namba zake na kutolewa kopi mbele ya mashahidi, na wakati wa kukamata hujazwa hati inayosainiwa na waliokuwepo. Shahidi asiyekuwa na maslahi, kwa mfano sheha, ana uzito mkubwa hapo. Namba moja ya noti ikikosewa kwenye hati, jitayarishe kwa nusu siku ya maswali.

Sharti la mtego ni kwamba afisa awe ameomba mwenyewe kabla. Usimpigie kumchokoza kwa kiwango kipya; utampa utetezi wa bure.

Kuhusu wewe kufungwa: mtoaji naye ana kosa, sikufichi. Na kwa kuwa laki moja uliitoa kabla ya kuripoti, mahkama inaweza kukutazama kama mshirika na kutaka ushahidi mwengine wa kukuunga mkono. Kwa hiyo ieleze laki hiyo mwenyewe, kwenye maelezo yako ya kwanza kabisa, ukiwa na wakili. Kumshtaki mtu au kumfanya shahidi ni uamuzi wa Mkurugenzi wa Mashtaka, si wa afisa wala wa jamaa zako. Ukiificha, ikaibuliwa na utetezi wakati wa kuhojiwa, hata zile sauti hazitakusaidia.