Kiwanja Jambiani: kwa nini ni jiwe tupu, na maji ya mvua yanakwenda wapi

Mkuu, umeuliza mambo matatu kwa mpigo. Kwamba kiwanja ulichonunua kati ya Jambiani na Makunduchi, kusini mashariki ya Unguja, fundi akipiga sururu mara mbili tu anagonga jiwe. Kwamba jiwe lenyewe ni jeusi, kali, lina matundu, na umeambiwa ni la volkano. Na kwamba hujaona mto hata mmoja upande huo, sasa maji ya kisima yatatoka wapi. Mimi ni mtu wa maweni huko huko, nimekulia kwenye kazi ya visima na misingi nikiwa na mjomba wangu, kwa hiyo nitajibu kadiri ninavyoijua ardhi hiyo.

La volkano liondoe kabisa. Unguja haina volkano. Chukua nyundo uvunje kipande: weusi ni ngozi tu, vijimea vidogo vinavyoota juu ya jiwe vikapigwa na jua na chumvi. Ndani ni jeupe au rangi ya maziwa. Saga unga kidogo, ukamulie ndimu, utaona povu. Hiyo ni chokaa. Kisha kitazame kile kipande vizuri kwenye jua. Utakuta vitundu vidogo vyenye umbo la nyota vimepangana bega kwa bega, pengine na ukingo wa kombe uliokwama ndani. Hayo ni matumbawe. Kiwanja chako kilikuwa mwamba wa baharini, na samaki walipita pale unapotaka kuweka sebule. Ukifika kisiwa cha Chumbe maji yakitoka, utaona makombe makubwa yenye mikunjo yamebaki ndani ya jiwe, kila moja mahali lilipofia.

Ilikuwaje mwamba wa baharini ukawa nchi kavu? Wengi hudhani ardhi ndiyo iliyoinuka, lakini huku sehemu kubwa ya kazi imefanywa na bahari kupanda na kushuka. Miaka 125,000 hivi iliyopita dunia ilikuwa na joto kidogo kuliko leo, barafu nyingi ilikuwa imeyeyuka, na bahari ilisimama mita 6 hadi 9 juu ya ilipo sasa. Tumbawe ni mnyama mdogo anayechota chokaa majini na kujijengea nyumba. Akifa nyumba hubaki, mwingine anajenga juu yake, na mchanga wa makombe unajaza nafasi katikati. Mwamba hupanda namna hiyo mpaka karibu na uso wa maji, hapo husimama, kwa kuwa matumbawe hayastahimili kukaa nje juani. Ndiyo maana uwanda wa kusini na mashariki ni tambarare vile.

Baridi iliporudi, maji yakageuka barafu huko kaskazini ya dunia na bahari ikashuka. Miaka 20,000 hivi iliyopita ilikuwa chini kwa kiasi cha mita 120. Mkondo wa Unguja na bara haufiki kina hicho, kwa hiyo wakati huo Unguja haikuwa kisiwa, mtu angetembea kwa miguu hadi Bagamoyo. Na ushahidi uko jirani yako. Katika pango la Kuumbi, hapo hapo Jambiani, ambako Profesa Felix Chami alichimba na timu nyingine ikarudi baadaye, wamekuta zana za mawe za watu wa kale na mifupa ya punda milia na nyati. Wanyama hao hawaogelei kutoka bara. Pemba ni habari nyingine: mkondo wake una kina cha mamia ya mita, Pemba imekuwa kisiwa tangu zamani sana, ndiyo sababu kima punju wa asili ni wa Unguja, na wale wa msitu wa Ngezi huko Pemba walipelekwa na watu.

Sasa maji. Katika makumi ya maelfu ya miaka ambayo ule mwamba ulibaki nchi kavu, mvua ilikuwa inaula. Tone la mvua hubeba hewa ya kaboni kutoka angani, na likipita kwenye majani yaliyooza linabeba zaidi, linakuwa na uchachu kidogo. Uchachu huo unayeyusha chokaa, unapanua kila ufa, kisha maji yakikauka chokaa ile ile inaganda mahali pengine. Juu pakawa gumu, ndani pakaliwa. Ardhi ya huko ni mkate wa kumimina: juu umekauka, ndani vitundu mtindo mmoja. Ndiyo maana mvua ya masika ikimwagika Makunduchi, baada ya nusu saa unatembea na kandambili bila tope. Mito ipo, ila iko chini ya miguu yako. Vijito utavikuta zaidi upande wa magharibi na katikati, kwenye vilima vya mchanga na udongo wa zamani zaidi, ulioletwa na mito ya bara kabla ya matumbawe haya kuwapo. Huko ndiko kwenye kinongo, udongo mzuri wa kulimia, na mikarafuu. Sisi tumebakiwa na vishimo vyenye kiganja cha udongo mwekundu, mabaki ya jiwe lililoyeyuka. Wazee wetu huku hawalimi kwa jembe, wanatembea na muo, yaani kijiti cha kuchimbia, wanatafuta kishimo, wanachomeka mbaazi au mtama.

Jozani nayo inaingia hapa hapa. Ule msitu umekaa kwenye bonde la chini ndani ya jiwe, kati ya ghuba ya Chwaka na upande wa Uzi, na maji ya ardhini yako karibu sana na uso. Masika yakikolea yanatoka juu na kufunika mizizi. Hakuna mto uliofurika, maji ya chini yamepanda tu.

Swali lako la kisima ndilo nataka ulisikilize. Maji matamu huku hayana mkono wa kuyazuia chini. Yanaelea juu ya maji ya bahari yaliyopenya ndani ya jiwe, kwa sababu ni mepesi kidogo. Hesabu ya vitabuni inasema kila mita 1 ambayo maji matamu yamesimama juu ya usawa wa bahari, chini yake kuna mita 40 hivi za maji matamu. Inaonekana nyingi, lakini karibu na pwani hayo maji husimama sentimita chache tu juu ya bahari, na matundu yanachanganya chumvi na utamu, kwa hiyo tabaka ni jembamba. Watu wa kutoka bara wanakuja na mazoea ya kwao: maji hayatoshi, chimba zaidi. Huku ukichimba zaidi umeifuata chumvi mwenyewe. Pampu kubwa ni hivyo hivyo, inavuta munyu kutoka chini, na ukishapanda unachukua muda mrefu kushuka.

Kisima cha huku huchimbwa kwa mtaimbo. Dhiraa ya kwanza ni adhabu, jiwe linarusha cheche. Ukilivuka unakuta jeupe laini linalokatika kwa sururu, wakati mwingine unga kabisa, na hapo hewa inakuwa nzito na ya baridi. Ukifika kwenye maji usichimbe tena, kiasi cha ndoo kuzama kinatosha. Mjomba alikuwa anachora mstari wa mkaa ukutani kwenye usawa wa maji, kisha tunakwenda kula. Tukirudi mstari uko juu ya maji au umezama. Kisima kilicho karibu na pwani kinapumua na bahari: maji yakijaa huko nje, baada ya muda kisima nacho kinapanda, japo kwa kiasi kidogo. Kikipanda haraka na kwa wingi, ujue kuna ufa uliofunguka moja kwa moja, na maji yake onja kabla hujanunua pampu. Na hata yakiwa matamu yatakuwa magumu. Sabuni haitoi povu, birika linajenga ukoko mweupe. Hayo hayadhuru.

Kinachodhuru ni karo, yaani shimo la maji machafu. Kuna nyumba moja ya wageni, sitaitaja, ilichimba karo bila sakafu wala ukuta, kwa kuwa fundi alifurahi shimo halijai. Kweli halikujaa. Kisima cha nyumba za chini yake kikaanza kunuka. Kwenye udongo wa mchanga maji machafu huchujwa kidogo kidogo, lakini kwenye ufa wa jiwe yanatiririka tu. Maji ya chini yanatoka ndani ya kisiwa kwenda pwani, hata ukienda ufukweni wakati wa bamvua, maji ya bahari yakiwa yamekupwa sana, utaona maji baridi yanachuruzika mchangani, yaonje, si chumvi kama bahari. Kwa hiyo kisima kiwe upande wa juu, karo upande wa bahari na mbali kadiri kiwanja kinavyoruhusu, lisakafiwe kwa zege. Usimkubalie fundi anayekuambia jiwe lenyewe ni sakafu.

Kuhusu msingi, kabla ya kumwaga zege pita na mtaimbo ugonge kila hatua. Jiwe zima linalia kavu na mkono unauma. Penye uwazi chini mlio unakuwa mnene na mtaimbo unaruka kidogo. Hapo vunja uone, ujaze mawe na zege, au usogeze ukuta. Nimeona gari la kokoto limetumbukiza gurudumu mahali ambapo mbuzi walikuwa wanalala miaka yote.

Kama kiwanja kinafika kwenye ukingo wa bahari, usijenge mdomoni. Ule ukingo uliochongwa kwa chini, kama wa ule mwamba wenye mkahawa pale Pingwe, unaendelea kuchongwa hadi leo: mawimbi yapo, lakini kazi kubwa ni ya konokono na jamii ya kombe wanaokwangua na kutoboa jiwe baina ya maji kupwa na kujaa, na huku bamvua inapanda na kushuka hadi mita 4. Bahari imefika usawa huu miaka elfu kadhaa tu iliyopita. Kichwa kinachobaki kinaning'inia, siku moja kinadondoka.

Kuna wanaosema jiwe hili ni sawa na la mapango ya Amboni, si sawa. Amboni pale Tanga ni chokaa ya enzi za Jurasiki, zaidi ya miaka milioni 140, na hata pango la Panga ya Saidi kule Kilifi, Kenya, lilikofukuliwa kaburi la mtoto lenye umri wa miaka 78,000 hivi, lililotangazwa 2021, liko kwenye chokaa ya zama hizo. Kuyeyuka kunafanana, umri haufanani.

Mawe utakayovunja usiyatupe, yatakutosha ukuta wa uzio na kokoto. Weka picha ya kiwanja na utuambie kiko umbali gani na bahari, na visima vya jirani viko upande upi, nikuelekeze pa kuanzia.