Mdogo wangu, kabla ya kuongoza wageni usome mlima

Juzi mdogo wetu mmoja wa Marangu ameniandikia: "Kaka, nimebeba mizigo vya kutosha, sasa nataka kuongoza wageni. Nianze na Kiingereza?" Kiingereza kitakuja tu. Anza na mlima wetu, Kilimanjaro, na milima inayouzunguka.

Enzi zangu za ugumu, yaani kubeba mizigo ya wageni, kiongozi alinipa maji ya wageni nibebe hadi Maundi, lile shimo la volkano juu ya kambi ya Mandara. Mawingu yameondoka, Milima ya Pare yote inaonekana. Mzee mmoja kutoka Bolivia akauliza kama safu ile ni sehemu ya Kilimanjaro. Kiongozi akajibu ndiyo, mlima mmoja huo. Nikashindwa kunyamaza. Nikasema Kilimanjaro umesimama peke yake, umejengwa na volkano tatu, Shira, Mawenzi na Kibo, na umri wake haufiki miaka milioni 3. Pare ni ukoo mwingine: miamba iliyopikwa chini ya ardhi zaidi ya miaka milioni 500 iliyopita, tao moja linaloanzia Taita, Kenya, likapita Usambara na Uluguru hadi Udzungwa.

Mzee alifurahi mno. Kwao Andes imejipanga kama kilomita 7,000, kwa kuwa sakafu ya bahari inazama chini ya bara. Mlima usio na ndugu ulimshangaza. Akanipa mkono.

Kiongozi hakunipa. Msimu ule simu yangu haikuita tena. Vijana niliowafundisha kufunga mzigo wanapanda, mimi nashinda getini. Inaniuma mpaka leo, sifichi. Ila wageni wale walimwandikia mwenye kampuni kwamba kuna mgumu anayejua mawe, na mwezi uliopita nimekabidhiwa kundi langu mwenyewe.

Kwa hiyo soma mlima. Ukifika Kibo tafuta jiwe jeusi lenye fuwele nyeupe zilizochongoka kama uru wa karata. Mwonyeshe mgeni, mwambie ni lava ya Kibo, kisha ulirudishe palepale, ile ni hifadhi. Na usidanganye watu kwamba Rwenzori ni volkano! Ile iliinuliwa na mipasuko ya Bonde la Ufa mpaka kilele chake, Margherita, kikafika mita 5,109. Kilele cha Everest nacho ni chokaa ya baharini, kwa sababu India inaisukuma Asia.

Vijana wanakariri mita 5,895 za kilele cha Kilimanjaro wakidhani wamemaliza. Aibu! Mtu hatoki ng'ambo kuja kuambiwa "pole pole" tu. Soma, uliza wazee, halafu soma tena.

Kuhusu viatu ulivyouliza: mtumba wa soko la Memorial, Moshi, unatosha kuanzia. Kunja soli kwa mikono kabla hujalipa, maana gundi iliyochakaa huachia ukiwa kambi ya Horombo, huko juu mlimani, na huko hakuna fundi.