Chokaa kwenye chai? Acha kabisa

SWALI: Nina ekari moja ya chai huku Kuresoi. Kipande kimoja, palipokuwa na nyumba ya babu, majani machanga yanatoka manjano na mashina yamedumaa, ingawa mbolea naweka kila mwaka. Muuzaji wa pembejeo alichomeka kipimo kando ya njia, kikasoma pH (kipimo cha asidi; namba ikishuka, asidi imezidi) 4.8, akasema udongo una asidi, niweke chokaa shamba zima. Niweke magunia mangapi?

JIBU: Hata kikombe kimoja usiweke.

Kila msimu wa mvua naletewa swali hili, na kila mara ni mahindi yaliyowapoteza watu. Kwa mahindi chokaa inastahili sifa zake: udongo wenye asidi kali huachilia alumini, nayo hudumaza mizizi. Chai haiko hivyo. Alumini hiyohiyo huifyonza na kuirundika kwenye majani yake makuukuu bila kudhurika, na hustawi pH ikiwa kati ya 4.5 na 5.6 hivi. Basi hiyo 4.8 uliyotishiwa nayo ndiyo chai inayoitaka!

Shida yako iko pale kwa babu. Mahame huwa na majivu ya jikoni ya miaka mingi, na majivu hupandisha pH, yaani hupunguza asidi, sawa na chokaa. Ikipanda, madini ya chuma na manganisi yanabaki udongoni lakini mizizi haiyapati. Tazama jani changa: kama limegeuka manjano na mishipa imebaki kijani, ni hilo. Ukosefu wa nitrojeni ungeanzia majani ya chini.

Chukua udongo wa penye manjano na wa penye kijani, kila mmoja mfuko wake, upeleke Taasisi ya Utafiti wa Chai, Kericho. pH ikithibitika iko juu, hutibiwa kwa salfa au salfeti ya alumini, kwa kipimo watakachokupa. Itachukua miezi, vumilia.

Na hawa wenye vijiti! Anapima kando ya njia, anatibu shamba zima, na dawa anayo yeye mwenyewe dukani. pH ikitoka 4.8 hadi 5.8, asidi imepungua mara kumi, na chokaa ikishachanganyika na udongo huwezi kuichambua uitoe. Shina la chai hukaa miaka hamsini na zaidi. Yeye msimu ujao atakuwa anauza kitu kingine. Hata wale ambao udongo wao umeshuka chini ya 4 kwa mbolea ya miaka mingi, ambao angalau wana sababu ya kuulizia chokaa, waanzie maabara.