Swali la Lugha: Siku na miezi ya ulimwengu wa kubuni iitweje?

SWALI: Naandika hadithi ya kubuni inayotokea katika ulimwengu wenye miezi miwili angani. Wiki yao ni ya siku 6, na kila siku ya sita watu hukutana sokoni. Mwaka una miezi 10 ya siku 36, na huanza maji ya ziwa kuu yanapopwa. Kila siku na kila mwezi nimevipa jina refu la kishairi, lakini waliosoma rasimu wanalalamika kwamba wanapotea. Je, nirudi tu kwenye Jumatatu na Januari?

JIBU: Usirudi, ndugu msomaji. Jumatatu ni siku ya tatu kwa kuhesabu kuanzia Jumamosi, na Jumamosi ni ya kwanza kwa sababu inafuata Ijumaa, siku ya swala ya jamaa. Ukimwambia msomaji kwamba shujaa wako alizaliwa Jumatatu, umeingiza msikiti katika nchi isiyoujua Uislamu. Lakini utaratibu wenyewe wa kutaja siku ni hazina, na huo unaweza kuuchukua: shika siku moja ambayo watu hukusanyika, kisha hesabu kutoka hapo.

Siku hiyo tayari unayo. Iite Soko. Zinazofuata ziwe Sokomosi, Sokopili, Sokotatu, Sokonne na Sokotano, halafu Soko tena. Msomaji hahitaji jedwali, kwa sababu tangu utotoni amezoea kuhesabu siku hivyo. Tena hesabu yako itakuwa safi kuliko yetu. Sisi tuna Jumatano, yaani ya tano, halafu inafuata Alhamisi, ambayo kwa Kiarabu nayo ni ya tano, kwa kuwa Waarabu huanzia Jumapili. Tano mbili zimekaa bega kwa bega na hakuna anayeshtuka.

Angalia upatanisho wa kisarufi, maana hapo ndipo waandishi wengi huteleza. Juma ni la ngeli ya LI-YA, kwa hiyo tunasema juma lijalo, majuma mawili. Lakini Jumanne ni jina la siku, na siku imo katika ngeli ya I-ZI: Jumanne ijayo, Jumanne iliyopita. Hakuna asemaye Jumanne lijalo. Kwa hiyo andika Sokonne ijayo, hata kama soko peke yake ni soko lile, masoko yale. Tofauti hiyo itakufaa sana, kwa sababu neno soko linaweza pia kubeba maana ya kipindi kizima cha siku 6. "Nitakuja Soko ijayo" ni siku. "Nitakuja soko lijalo" ni wakati wowote ndani ya kipindi hicho. "Masoko matatu yamepita tangu aondoke" ni sentensi ambayo bibi yeyote wa huko angeweza kuitamka, na wiki hutaihitaji tena.

Kwa majina ya miezi ya mwaka, nakushauri utazame pwani yetu. Baada ya Ramadhani watu hufungua, na mwezi unaofuata ni Mfunguo mosi, kisha Mfunguo pili, hadi Mfunguo tisa. Ndipo zinakuja Rajabu, Shaabani na Ramadhani. Miezi 9 inahesabiwa, 3 tu ndiyo yenye majina yake. Mwezi unaobeba jambo kubwa unapewa jina, mingine inatosheka na namba. Majina yako 10 ya kishairi yanachosha kwa sababu yote yanapiga kelele kwa pamoja. Mwaka wako unaanza maji yanapopwa: basi Kupwa mosi, Kupwa pili, Kupwa tatu, na kuendelea. Bakiza majina mawili au matatu mazuri kwa miezi ambayo kweli kuna tukio ndani yake.

Usiandike "Kupwa ya kwanza" wala "Kupwa moja". Hilo ni jina, nalo hufuata mkondo wa Mfunguo mosi na tarehe mosi: mosi na pili kwa namba mbili za mwanzo, kisha tatu, nne, tano za kawaida.

Kubwa zaidi ni ile miezi miwili ya angani. Umeandika katika rasimu: "Alirudi mwezi wa pili." Ni Februari yao, au ni wakati ule mwezi mwingine ulipochomoza? Kwetu neno moja linatosha kwa sababu angani tunao mmoja tu. Wewe huna anasa hiyo. Mwachie mwezi anga, na kipindi kiite mwandamo. Mwezi huandama, kila mwenye kungojea Idi anajua, na mwandamo una wingi wake, miandamo, bila tabu yoyote. "Alikaa miandamo miwili" ni muda. "Alirudi mwandamo wa pili" ni mpangilio. "Miezi yote miwili ilikuwa mipevu" ni anga. Hakuna tena cha kugongana.

Siku 360 zako zinagawanyika pia kwa kumi, na hilo linanivutia. Wakulima na mabaharia wa pwani walihesabu mwaka wa jua kwa miongo, yaani makundi ya siku kumikumi, kuanzia Nairuzi, siku ya mwaka mpya ambayo Makunduchi, Unguja, bado huadhimishwa kila Julai kwa Mwaka Kogwa. Ukitaka kuutumia mwongo, ueleze mara ya kwanza unapoutaja, maana msomaji wa leo ataelewa miaka kumi.

Mwisho, amua siku yao inaanza lini. Kwa desturi ya pwani siku huanza jua linapotua, hivyo usiku wa Ijumaa ni ule unaoitangulia Ijumaa yenyewe. Msomaji wa bara anaweza kuuelewa kinyume. Magazeti yetu yana njia ya kukwepa mkanganyiko huo, nayo itakufaa popote wauaji wako wanapoingia gizani: "usiku wa kuamkia Sokotatu".