Kabla ya kumpeleka mteja OB (daftari la matukio la polisi)

Ninyi mnaoanza uwakili huku Kakamega, Bungoma na Kisumu, kesi za kwanza kuingia ofisini kwenu zitakuwa za mashamba. Sikilizeni kosa langu.

Nikiwa na mwaka wa pili kazini, alikuja mwalimu mstaafu na bahasha yake ya kaki. Alikuwa amenunua ekari moja upande wa Lugari, akalipa shilingi 600,000 kati ya 900,000. Mkataba ulikuwepo, sahihi na mashahidi pia. Muuzaji alikuwa na hatimiliki halali, jina ni lake. Ilipofika siku ya kwenda bodi ya ardhi kuomba idhini ya mauzo, mke wa muuzaji na wanawe wakakataa, naye akarudi nyuma. Pesa alikuwa ameshakula.

Nikamwambia, "Mwalimu, twende tuandikishe OB." Nilitaka muuzaji aingiwe na hofu alipe. Najutia ushauri ule mpaka leo.

Muuzaji yule alikamatwa, akalala seli, akashtakiwa kwa kifungu cha 313 cha Kanuni ya Adhabu, kujipatia pesa kwa udanganyifu. Kesi ikatajwa, ikaahirishwa, shahidi hakuja, ikaahirishwa tena. Karibu miaka mitatu. Kisha akaachiliwa, na kwa haki kabisa. Siku alipopokea pesa alidanganya nini? Shamba lilikuwa lake na alinuia kuliuza. Kifungu cha 312 kinasema udanganyifu ni kuhusu jambo lililopo au lililopita, ambalo msemaji anajua si kweli. Ahadi ya kesho iliyovunjika haimo.

Kwa hiyo mteja akikaa mbele yako na hasira zake, mrudishe kwenye siku ile pesa zilipotoka mkononi mwake. Aliambiwa nini, na je, kilikuwa uongo saa ile ile? Hatimiliki bandia, shamba la mtu mwingine, kipande kimoja kuuziwa watu wawili: hiyo ni jinai, nenda polisi bila kuchelewa. Kifungu cha 193A cha sheria ya mwenendo wa jinai kinaruhusu kesi ya jinai na ya madai ziende pamoja. Lakini mtu aliyebadili nia, au aliyeshindwa kumaliza mkataba, ana deni.

Na deni lina njia yake. Shamba la kilimo lililo chini ya bodi ya ardhi linahitaji idhini, na ombi lazima lipelekwe ndani ya miezi sita tangu mkataba. Lisipopelekwa, mkataba unakuwa batili, lakini kifungu cha 7 cha Sheria ya Udhibiti wa Ardhi (Land Control Act) kinasema pesa zilizolipwa zinadaiwa kama deni. Andika barua ya madai, kisha fungua kesi. Ikiwa unachodai ni pesa tu, zisizozidi shilingi milioni moja, ipo Mahakama ya Madai Madogo. Angalia na kalenda: madai ya mkataba yana miaka sita, na kesi ya jinai haisimamishi hesabu hiyo. Mimi nilimlia mwalimu karibu nusu ya miaka hiyo.

Siku nyingine utakuwa upande wa aliyekamatwa. Wahi kituoni. Usikubali atie sahihi ahadi ya kulipa akiwa seli. Hofu si makubaliano. Mwandikie Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma na mkataba wenyewe ukiuambatisha, umkumbushe Ibara ya 157(11) ya Katiba inayomtaka azuie matumizi mabaya ya sheria. Mahakama Kuu inaweza kusimamisha mashtaka, ila majaji hawafanyi hivyo kwa wepesi, kwa hiyo nenda na hati za kutosha.

Mwalimu nilimfungulia kesi ya madai baadaye, bila kumtoza ada. Tulishinda, na muuzaji akalipa kwa awamu. Awamu ya mwisho niliikabidhi kwa bintiye, maana mwalimu tulikuwa tumeshamzika.