Suria, hawara na kimada: je, ni visawe?

Swali: Gazeti moja limeandika kwamba mfanyabiashara fulani "alikutwa nyumbani kwa suria wake". Nilipomsomea bibi yangu, hapa Tanga, alinikatisha: "Huyo mtu huru, wanamwitaje suria?" Shuleni tulifundishwa kwamba suria, hawara na kimada ni visawe. Nani ana haki, bibi au mwalimu? Na mtoto wa mwanamke kama huyo tumwiteje?

Jibu: Bibi yako ana haki, dada yangu, na sababu yake ameitaja mwenyewe kwa maneno mawili: mtu huru. Suria alikuwa mjakazi ambaye bwana aliyemmiliki alimweka kinyumba. Pasipo umiliki hapana suria. Mwanamke wa leo mwenye nyumba yake, simu yake na uwezo wa kumfungia mwanamume mlango hawezi kuwa suria wa mtu, hata kama majirani hawaupendi mwenendo wake.

Sheria ya Kiislamu, ambayo ndiyo waungwana wa pwani waliyoifuata, ilimruhusu mwanamume kuwa na wake wasiozidi wanne. Masuria haikuwawekea idadi. Iliweka mipaka mingine: mjakazi awe mali ya mwanamume mwenyewe. Mjakazi wa mkewe hakuhesabiwa kuwa mali yake, na mwanamke huru hakuweza kufanywa suria hata kama angeridhia. Suria hakuposwa, hakutolewa mahari, hakuwa na walii (msimamizi wa ndoa) wala mashahidi, na hakuna aliyemuuliza kama anataka. Wengi walitoka mbali na pwani, wasichana waliotekwa au kuuzwa katika nchi za jirani na Ziwa Nyasa, wakafikishwa Kilwa, wakavushwa hadi Unguja. Matajiri wakubwa walinunua pia Wahabeshi (watu wa Ethiopia) na Wacherkasi (watu wa milima ya Kaukazi) kwa bei ya juu. Wakishaingia ndani walivishwa, walipewa vyumba, wengine wakapewa na wajakazi wa kuwatumikia. Hayo yote hayakuwapa haki ya kukataa, na mtu anayeandika historia ya pwani asilisahau hilo kwa sababu ya hariri na marashi.

Hata hivyo sheria hiyohiyo ilikuwa na upande ambao lugha ya leo imeusahau kabisa. Suria akimzalia bwana wake mtoto, na bwana akamkiri, mtoto alizaliwa huru, alibeba nasaba ya baba na alirithi sawasawa na mtoto wa mke wa ndoa. Mama naye hakuweza tena kuuzwa, na bwana akifa alikuwa huru. Mafakihi, wanazuoni wa sheria ya Kiislamu, humwita ummu walad, yaani mama wa mtoto. Tazama jumba la kifalme la Unguja. Mke mkuu wa mtawala Sayyid Said bin Sultan, Bibi Azza binti Seif, hakuzaa naye. Majid, Barghash, Khalifa na Ali, ndugu wanne waliokalia kiti cha Unguja mmoja baada ya mwingine kuanzia 1856 hadi 1893, wote walizaliwa na masuria. Mama yake Barghash alikuwa Mhabeshi. Hakuna aliyewaita wana wa haramu, kwa kuwa hawakuwa hivyo, kisheria wala machoni pa watu.

Dada yao Salme ni mfano unaokata pande mbili. Mama yake, Jilfidan, alikuwa suria wa Kicherkasi, na binti alikuwa sayyida (binti wa kifalme) kamili, mwenye mali na heshima zake. Mwaka 1866 yeye mwenyewe, mwanamke huru wa ukoo wa kifalme, alipata mimba ya mfanyabiashara Mjerumani aliyekuwa jirani yake. Ilimbidi aitoroke Unguja kwa meli. Huko Aden alibatizwa, akafunga ndoa na mtu wake mwaka 1867, akajulikana kwa jina la Emily Ruete, na mwaka 1886 akachapisha kumbukumbu zake kwa Kijerumani. Mama ambaye hakuulizwa alizaa watoto wenye heshima, na binti aliyechagua mwenyewe akapoteza nchi. Maadili ya wakati ule hayakupima ridhaa ya mwanamke. Yalipima kama mwanamume aliyelala naye alikuwa na haki juu yake, iwe haki ya ndoa au ya umiliki. Kwa hiyo ukimwita hawara "suria", umechanganya hali mbili zilizokuwa kinyume kabisa: ya mmoja ilikuwa halali bila hiari, ya mwingine ilikuwa hiari bila uhalali.

Usuria ulichelewa sana kwisha. Aprili 1897 Sultani Hamoud bin Mohammed, chini ya shinikizo la Waingereza, alitoa amri iliyoondoa hadhi ya utumwa kisheria Unguja na Pemba. Mtumwa aliyetaka uhuru alikwenda kuudai mahakamani. Masuria waliachwa nje. Amri iliwahesabu kama wake, na suria aliyetaka kuondoka ilimbidi athibitishe kwamba anatendewa ukatili, isipokuwa kama hakuwa na mtoto. Maofisa wa Kiingereza walijitetea kwamba hawataki kuvunja nyumba za watu, na kwamba wanawake hao wakiachiliwa wataishia kuwa malaya mjini. Sikubaliani na hoja hiyo hata kidogo. Ilimwita mke mtu aliyenunuliwa, ili asipewe uhuru waliopewa wengine. Ilipita miaka 12 zaidi, hadi amri ya 1909, ndipo masuria nao wakaingizwa. Ukijumlisha miaka, utaona kwamba bibi yako amekua miongoni mwa wazee ambao mama zao waliwajua masuria kwa sura. Ndiyo sababu neno linamwasha, na ndiyo sababu katika baadhi ya koo za pwani hadi leo jina la nyanya aliyekuwa suria halitajwi mbele ya wageni.

Sasa hawara. Hawara ni mpenzi wa mtu ambaye si mkewe wala mumewe. Angalia kwamba neno halibagui jinsia: mwanamke aweza kuwa na hawara kama mwanamume, ijapokuwa magazeti hulielekeza kwa wanawake karibu kila mara. Kimada ni mwanamke tu, naye ni yule aliyewekwa kinyumba: amepangishiwa, anatunzwa, anajulikana mtaani kwamba ni wa fulani. Mtu aweza kuwa hawara bila kuwa kimada, kama wapenzi wanaokutana kwa siri tu. Kwa upatanisho wa kisarufi tunasema kimada huyu na vimada hawa, mahawara hawa, masuria wale, na hali ya suria huitwa usuria. "Nyumba ndogo" na "mchepuko" ni maneno ya mjini Tanzania yenye maana iliyo karibu na hizo, na "mpango wa kando" ulivuma Kenya kupitia kampeni za kupambana na UKIMWI. Haya matatu ni ya mazungumzo. Usiyatie katika hati ya mahakama.

Nimetaja mahakama kwa makusudi, maana huko neno moja linaweza kumnyima mtu nyumba. Sheria ya Ndoa ya Tanzania ya mwaka 1971, kifungu cha 160, inasema mwanamume na mwanamke wakiishi pamoja miaka 2 au zaidi katika hali ambayo jamii inawajua kama mke na mume, itachukuliwa kwamba wameoana, mpaka ithibitishwe vinginevyo. Mwanamke wa namna hiyo anaweza kudai matunzo yake na ya watoto. Ndugu wa mwanamume wanaokimbilia kumwita kimada msibani mara nyingi wanajua wanachokitafuta. Mwandishi wa habari asiwasaidie. Aandike "mwanamke aliyeishi naye", na sifa ya ndoa aiachie mahakama.

Utaniuliza mbona Biblia ina masuria. Kweli inao: katika tafsiri ya Muungano, Sulemani ana wake mia saba na masuria mia tatu. Watafsiri walitumia neno lililokuwepo, nalo liliwafaa mahali pengi, lakini si kote. Soma Waamuzi 19. Suria wa yule Mlawi (mtu wa kabila la Lawi) anaondoka kwa mumewe, anarudi kwa baba yake, na baba huyo anaitwa mkwe wa Mlawi. Suria wa Unguja hakuwa na kwao kwa kurudi, na baba yake hakuwa mkwe wa mtu yeyote. Mhubiri anayesoma sura ile kanisani afafanue kidogo, la sivyo wasikilizaji wa pwani wataelewa jambo jingine. Nadhani hapo pia ndipo mwalimu wako alipopata wazo kwamba maneno hayo ni visawe: wasomaji wa bara walikutana na suria katika Maandiko, bila kumbukumbu ya utumwa wa pwani, wakalifasiri kwa walichokiona mitaani kwao.

Kuhusu mtoto, jambo la kwanza: mtoto wa suria aliyekiriwa na baba yake asiitwe kamwe mwanaharamu. Ni kosa katika maana ya neno na ni dhuluma kwa marehemu. Ukiandika shajara ya ukoo, andika "mwana wa fulani kwa suria wake fulani", na jina la mama uliweke kamili kama unalo.

Mtoto wa hawara ni habari nyingine. Katika sheria ya Kiislamu harithi kwa baba, hurithi kwa mama na kwa upande wa mama, na fakihi anapoeleza mirathi huwa na istilahi zake. Hizo zibaki darasani kwake. Katika lugha ya kila siku mwanaharamu limekuwa tusi linalorushiwa hata mtu ambaye wazazi wake wana cheti cha ndoa ukutani, na linamwangukia mtoto kwa tendo ambalo hakulifanya. Katiba ya Kenya ya 2010, ibara ya 53, inawapa mama na baba wajibu sawa wa kumtunza mtoto, wawe wameoana au hawakuoana. Penye haja ya kutaja, andika "mtoto aliyezaliwa nje ya ndoa". Pasipo haja, yaani mara nyingi, andika mtoto wa fulani, basi. Na sentensi ya gazeti lenu ingetosha hivi: "alikutwa nyumbani kwa hawara wake", kama uhusiano huo umethibitishwa. Kama haujathibitishwa, "nyumbani kwa mwanamke mmoja".